Nguzo Zilizogonga Jioni

Mume wangu hajui kukataa. Wengine wana ugonjwa wa sukari, yeye ana huo. Ukimwomba ngazi, atakupa ngazi na kuibeba mwenyewe mpaka mlangoni kwako. Ukimwita kwa jina la mtu mwingine ataitika, kwa sababu, anasema, kumsahihisha mtu mbele ya watu ni kumwaibisha bure. Nimeishi naye tangu enzi za kiuno changu chembamba, na nusu ya ugomvi wetu wote umetokana na huko kuitika kwake. Mama yangu alitulea tofauti: mtu akikuita, kwanza tazama ni nani, ndipo ufungue kinywa.

Ni fundi rangi. Mtaani wanamwita Mkono wa Tatu. Mafundi wenzake hupaka tabaka mbili za rangi, mkono wa kwanza na wa pili, wakakusanya vyao wakaenda zao, lakini yeye hana raha mpaka apake wa tatu, hata kama mwenye nyumba hakuuomba. Alilelewa na shangazi yake aliyekuwa mfagiaji wa shule, na kazi ya kwanza aliyopewa maishani ilikuwa kupaka madawati wakati wa likizo. Kutoka kwenye madawati akaingia kwenye vibao vya maduka, kutoka kwenye vibao akaingia kwenye nyumba, na kwenye nyumba ndiko alikoangukia nguzo.

Sizungumzii nguzo za zege. Nazungumzia zile za faibaglasi, zinazosimamishwa barazani ili nyumba ionekane ya mtu mwenye nazo. Kwa mbali utadhani ni jiwe la kuchongwa, ukizigonga ni tupu. Ni nyuzi za kioo zilizogandishwa kwa gundi ngumu, unene wake kama ubao wa kukatia vitunguu, zimevishwa juu ya bomba la chuma ambalo ndilo hasa linalobeba paa. Mafundi wengi huziharibu. Wanazipaka kama wanavyopaka ukuta, na baada ya mvua moja rangi inabanduka kama ngozi ya mtu aliyeungua na jua. Mume wangu huanza kwa kuziosha kwa sabuni, kisha huzifuta kwa kitambaa chenye thina ili kuondoa ile nta zinayotoka nayo kiwandani, kisha huzipitishia msasa laini, polepole, mpaka mng'ao ufe. Ukizidisha msasa nyuzi zinatokeza na kukuwasha mikono wiki nzima. Baada ya hapo anapaka praima, rangi ya msingi inayoshika, halafu rangi ya maji ya kupakia nje, kwa sababu ya mafuta hukauka ikawa ngumu na kupasuka nguzo inapovimba na kunywea. Na matundu madogo yaliyoko juu na chini ya nguzo hayazibi kamwe. Husema nguzo nayo lazima ipumue.

Mimi ndiye ninayechanganya rangi katika duka la vifaa vya ujenzi. Mtu huleta kipande cha tofali, jani, hata ukucha uliopakwa, akasema nataka hii hii, nami nakaa kwenye mashine, tone la njano, tone la nyeusi, mpaka nimpatie. Huyu mume wangu, kabla hajawa wangu, alikuja siku moja kurudisha kopo, akidai rangi imezidi ukijani kidogo. Nilimpa vidonge vyake mbele ya wateja. Akaniomba radhi, akabeba kopo lake akaenda. Baadaye nikafungua mashine nikakuta mrija wa kijani unavuja. Nikamtafuta, nikampata juu ya ngazi, naye akaniomba radhi tena kwa kunisumbua kumtafuta. Mtu wa namna hiyo unamfanya nini kama si kuolewa naye?

Basi, msimu mmoja wa jua kali alikuja dukani dada mmoja, nesi, angali na viatu vyake vyeupe vya kazini, akauliza kama ni kweli namjua Mkono wa Tatu. Nikamwambia namjua mpaka soksi zake zilizotoboka. Akacheka kidogo, kisha akaeleza shida yake. Mama yake, mshonaji aliyekwisha kuacha kazi, anaishi peke yake katika nyumba yenye nguzo nne barazani. Baba alikuwa dereva wa malori ya safari ndefu. Siku moja aliondoka na mzigo, hakurudi. Lori halikuonekana, mwili haukuonekana, na miaka ikapita. Mwaka uliotangulia yule nesi, kwa nia njema kabisa, aliipaka nyumba yote upya, na nguzo zilizokuwa kijivu zikawa krimu. Tangu hapo mama hasemi na mtu ila habari za nguzo, na chakula anakigusagusa tu.

“Anataka nguzo zake zirudi kama zilivyokuwa,” alisema nesi. “Anasema zimenyamazishwa.”

Neno hilo mimi sikulielewa. Nilipomweleza mume wangu, alilielewa papo hapo. Rangi iliyokolea hunywa jua, alisema. Nguzo inapata joto mchana kutwa, inavimba. Jioni ikipoa inanywea, na inaponywea inajisugua kwenye lile bomba la ndani na kutoa mlio: ko. Kisha ya pili: ko. Rangi ya krimu hulirudisha jua lilikotoka, kwa hiyo nguzo inatulia. Yule mama alizoea mlio huo, basi. Lakini yeye hatapaka, kwa sababu kijivu kilichokolea kitazipika nguzo tupu mpaka viungo viachie. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kumsikia akikataa kazi, nikampikia kitu kizuri kumpongeza.

Siku chache baadaye mama mwenyewe akaja dukani. Alikuwa mdogo wa umbo, tepu ya kupimia ikining'inia shingoni ingawa hakuwa na wa kumpima, na pini zimechomekwa kwenye ukosi. Mume wangu alikuwa amekuja kuchukua msasa. Mama aliweka juu ya kaunta kipande cha kitambaa cha kijivu, rangi ya moshi wa kuni mbichi, na kutueleza kwamba ni pindo la koti la mumewe. Alilishona mwenyewe, na siku za kwanza za nyumba ile walizipaka nguzo kwa kulinganisha nalo. Wakati huo, alisema, nguzo zilikuwa zikigonga jioni, naye akienda kufungua mlango anamkuta mumewe anavua viatu. Hata baada ya yeye kupotea ziliendelea kugonga, naye aliendelea kwenda kufungua. Hakuwa na kinyongo na mtu. Alitaka tu apate tena sababu ya kwenda mlangoni.

Nikamtazama mume wangu. Alikuwa amekwisha kuitika kabla hajafungua kinywa.

Rangi ile ilinitesa. Nimechanganya rangi maisha yangu yote na jicho langu halinidanganyi, lakini kila nilipodhani nimeipata, nikipaka kidogo kwenye karatasi na kuiweka kando ya kitambaa, kitambaa kilikuwa kimekolea zaidi. Nikaongeza nyeusi, nikaongeza tone la nyekundu. Mara ya mwisho nilipoviweka pamoja sikuweza kuona mahali kitambaa kinapoishia na karatasi inapoanzia, na sikuwa na furaha ninayokuwa nayo kwa kawaida. Nililifunga kopo haraka na kuosha mikono.

Alizipaka nguzo zile kwa utaratibu wake wote. Aliwahi alfajiri kabla jua halijazigusa, akaosha, akafuta, akapiga msasa ile krimu mpaka ikachujuka, akazungushia tepu pale nguzo zinapokutana na sakafu. Mama alikaa dirishani akimtazama, mume wangu akanisimulia, kama mtu anayemtazama mgonjwa akizinduka. Mkono wa kwanza, mkono wa pili. Siku ya mkono wa tatu jua liliwaka vibaya, na rangi ikakauka kabla hajamaliza kula.

Jioni hiyo alikuwa amechutama barazani anaosha brashi zake ndipo nguzo zilipoanza. Ya kwanza kugonga ilikuwa iliyo karibu na ngazi, kisha ya pili yake, ya tatu, na ile ya mlangoni, kwa nafasi sawa, kama mtu anayepita na kuigonga kila moja kwa kifundo cha kidole. Mlango ukafunguka. Mama akamtazama mume wangu na kumwambia, “Umechelewa.”

Naye, Mkono wa Tatu wangu, asiyemsahihisha mtu, akasimama na brashi yake inayochuruzika na kumjibu, “Nisamehe. Njia ilikuwa mbaya.”

Alinisimulia hayo akicheka. Mama alimwandalia chakula, akala kwa sababu kukataa kungekuwa utovu wa adabu, na mama naye akala, akamaliza sahani yake. Nami nilicheka. Nilimwambia ana bahati kunipata mimi, maana mwanamke mwingine angeuliza amekula kwa nani. Kesho yake nesi akanipigia simu dukani kushukuru kwamba mama ameongea naye mambo mengine, na amekula.

Alirudi kule jioni iliyofuata kukagua viungo vya nguzo kama vimeachia. Akarudi tena. Kila mara alikuwa na sababu ya kifundi, nami nilikuwa na shughuli zangu. Kuna kitu kilianza kunikwaza kabla sijajua ni nini. Chai yake alianza kuinywa bila sukari. Huyu ni mtu ambaye kijiko chake kilikuwa kinasimama wima kwenye kikombe. Nikamuuliza tangu lini, akasema amezoea hivyo, njiani sukari huisha.

“Njiani wapi?” nikauliza.

Akanitazama kama mtu aliyeamshwa, akasema hajui kwa nini amesema hivyo.

Kisha kikaja kile kilichonitoa usingizi. Mume wangu hajui kuendesha hata baiskeli. Siku moja tumekaa mezani, tunazungumza habari za mpangaji mwenzetu na mbuzi wake, nikasikia kitu chini ya meza. Nikainama. Mguu wake wa kulia ulikuwa unabonyeza sakafu, taratibu, ukiachia, ukibonyeza tena, kama wa mtu anayeteremka mlima na mzigo mzito. Juu ya meza alikuwa akitabasamu na kusikiliza habari za mbuzi. Nikaondoa vyombo, nikaosha sahani ileile mara tatu.

Baada ya hapo akaanza kuzungumzia barabara. Kuna daraja la mbao, alisema, limeoza upande wa kushoto, lazima mtu ashuke alikague kabla ya kuvuka. Kuna mteremko mwekundu ambao mvua ikinyesha haupandiki. Alisema kwa sauti yake ileile, bila kuniangalia, akiwa anakwangua rangi ya kijivu kwenye kucha zake. Rangi hiyo haikutoka. Nilimsugua kwa thina, kwa chumvi, kwa mafuta ya taa, nami ndiye niliyeichanganya na ninajua ni ya maji, inayotoka kwa sabuni tu. Akatembea nayo kama alama. Na kutembea kwenyewe kukaanza kubadilika, mguu wa kushoto ukawa unaburuta.

Niliogopa. Nasema wazi kwa sababu watu hunijua kwa ukali na hudhani sijui woga. Mwanamke anayeibiwa mume na mwanamke mwenzake anajua la kufanya, atapiga kelele, atavunja sahani, atawaita mashemeji. Mimi nilikuwa napoteza mume kwa mtu asiyekuwepo, tena kidogo kidogo, kijiko cha sukari leo, mguu kesho, na kilichobaki kilikuwa kikirudi nyumbani kikiwa kimechelewa zaidi kila siku. Nilimkataza kwenda. Akaniambia sawa, hataenda. Akaenda. Nilipomfokea alishangaa kwa dhati, akasema alikuwa anakuja nyumbani moja kwa moja, alisikia nguzo zinagonga akajua amefika.

Ndipo ikaja siku ya mawingu. Tangu asubuhi mvua nyembamba ilinyesha bila kukatika, na jua halikutokeza hata kidogo. Nilifurahi. Pasipo jua hakuna joto, pasipo joto hakuna mlio, na pasipo mlio, nikajiambia, mume wangu atakuja kwake. Nilifunga duka mapema, nikapika, nikaweka bakuli la sukari katikati ya meza. Saa zake za kurudi zikapita, chakula kikapoa. Nikapiga moyo konde, nikajifunika khanga, nikaenda.

Nyumba ile unaifikia kwa kichochoro kati ya kuta mbili zilizopakwa chokaa, watu wawili wanapita sambamba bila kusuguana, kisha geti, kisha uwanja mdogo. Nilikuwa sijawahi kufika. Nguzo nne zilisimama barazani zimelowa, na rangi yangu ilikuwa nzuri kuliko rangi yoyote niliyowahi kuchanganya, jambo lililonichukiza. Nikaigusa moja. Ilikuwa baridi kama sufuria iliyolala nje. Nikabisha hodi.

Mama alikuwa peke yake. Mume wangu hakuwa amefika. Meza ilikuwa imeandaliwa kwa watu wawili, na kiti kimoja kimegeuzwa kuelekea mlango. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba mwanangu, akanikaribisha na kunipa kitambaa nijifute mvua. Nilikuwa nimekuja na maneno makali njia nzima nikiyapanga, lakini nilipoiona ile sahani ya pili maneno yote yakanikimbia.

“Mama,” nikasema, “huyo anayekuja hapa jioni ni mume wangu. Nampenda, na namtaka nyumbani.”

Alikuwa anapinda pindo la shati la kiume. Akaukata uzi kwa meno.

“Najua ni wako, mwanangu. Nilijua tangu siku ya kwanza. Wangu alikuwa mfupi, na mguu wake wa kushoto alikuwa akiuburuta.”

“Basi kwa nini unamwita?”

“Simwiti yeye. Namwita wangu, kila jioni, miaka yote hii.” Akaniangalia, na macho yake yalikuwa na akili timamu kabisa. “Wako ndiye aliyeitika.”

Nje mvua iliendelea kudondoka kwenye bati. Mama akashika ule mgongo wa kiti kilichogeuzwa, akaupapasa kwa kidole chenye kastabini. Alisema mwanzoni alikuwa akifurahi tu kuwa na mtu wa kula naye. Kisha akaona fundi anaanza kubadilika, akanywa chai chungu, akataja lile daraja ambalo mumewe alikuwa akililalamikia, na moyo wake ukamwenda mbio kwa furaha na kwa aibu, kwa sababu aliona mume wa mtu anatumika. Hakujua jinsi ya kukoma. Kiti ni kimoja, alisema. Fundi akikikalia, mwenyewe atakaa wapi?

Nikamwomba leo asimfungulie. Nitafungua mimi.

“Na wangu asipokuja?” akauliza.

Sikumdanganya kwamba atakuja. Nilimshika mkono, ulikuwa mwepesi na mkavu, tukakaa hivyo. Mwishowe akasema, “Mfungulie.”

Haukupita muda tukasikia geti. Kisha hatua uwanjani, moja nzito na moja ya kuburuta, zikapanda ngazi, zikasimama nje ya mlango. Nguzo hazikutoa sauti yoyote.

“Nimechelewa,” ilisema sauti ya mume wangu. “Njia ilikuwa mbaya.”

Nilimwona mama akivuta pumzi ya kujibu. Kisha akaweka viganja vyote viwili mdomoni na kujiziba, kwa nguvu, mpaka mabega yakatetemeka, na machozi yakapita kati ya vidole. Nimewahi kuona watu wakijinyima vitu. Sijawahi kuona mtu akijinyima kama vile.

Nikafungua mlango na kusimama katikati yake. Mume wangu alikuwa amelowa chapachapa. Macho yake yakapita juu ya bega langu kutafuta kiti, na uso wake ulikuwa na uchovu wa mtu aliyeendesha gari kutwa nzima. Alijaribu kunipita kwa upole, kama unavyompita mgeni usiyemjua aliyesimama vibaya. Hapo ndipo woga wote ukanigeukia kuwa hasira, na nashukuru nina hasira za karibu.

“Njia gani?” nikamwuliza. “Umetoka kupaka madirisha ya zahanati, kwa miguu, mtaa wa pili tu hapo. Daraja gani ulilovuka? Umemwacha nani nyumbani na chakula kimelala? Chai bila sukari unainywa kwa ajili ya nani, na wewe meno yako yameisha kwa sukari? Nitazame ninapozungumza na wewe.”

Niliendelea. Nilitoa yote, ya leo na ya miaka iliyopita, ngazi alizowaazimisha watu zisirudi, kopo la kijani, mbuzi wa mpangaji. Nililia humo humo bila kuacha kufoka. Kwa muda mrefu alinisikiliza kama mtu anayesikiliza redio ya jirani. Kisha nikaona anautazama mguu wake wa kushoto, akausogeza, akauweka sawa na mwenzake. Akajipangusa maji usoni. Akaniangalia mimi, mimi hasa.

“Nyumbani,” akasema, “umefunga mlango?”

Nilikaa chini pale pale kizingitini. Nilisema nimefunga, nimefunga, funguo hii hapa, na nilimshika kifundo cha mguu kama mtoto aliyemkamata baba yake asiondoke.

Mama alitoka na mwavuli akatupa. Mume wangu alimtazama kwa haya, kama mtu aliyesinzia kwenye nyumba ya watu, akamuaga kwa adabu. Mama akamjibu, “Ahsante, fundi.” Kisha akarudi ndani. Kupitia mlango uliokuwa wazi nilimwona anaketi mbele ya sahani mbili, amenyoosha mgongo, na moyo ukaniuma kwa upweke niliomwachia. Nikaurudisha mlango taratibu.

Tulivuka uwanja, tukatoka getini, tukaingia kichochoroni. Mwavuli alishika yeye, na alikuwa akinieleza kwamba madirisha ya zahanati yatahitaji mkono wa nne kwa sababu mbao ni mbaya. Katikati ya maneno hayo akanyamaza, nami nikawa nimenyamaza. Tulikwenda hatua kadhaa hivyo. Halafu nyuma yetu nguzo ikagonga.

Tulisimama. Ilikuwa ile ya karibu na ngazi. Ikafuata ya pili, ikafuata ya tatu. Mume wangu, anayejua kuliko mtu yeyote kwa nini nguzo hugonga, aliuinua mwavuli na kuangalia juu, mvua ikamwangukia usoni. Ile ya mlangoni ikagonga. Tukasikia mlango ukifunguliwa, na sauti ya mama, si ya kulalamika safari hii, ikisema maneno mafupi ambayo hatukuyashika. Kisha mlango ukafungwa.

Tuliendelea mpaka tukafika barabarani chini ya taa. Hapo akanionyesha bega langu la kulia. Lilikuwa jeupe lote, chokaa mbichi ya ukutani, kutoka shingoni hadi kiwikoni, jinsi mtu anavyopakaa anapojibana kumpisha mwingine. Sikukumbuka kujibana. Nikaangalia lake la kushoto, la upande wa ukuta wa pili, nalo lilikuwa jeupe vilevile.

Nikampangusa, naye akanipangusa. Tukaenda nyumbani.